Mkono wa Tatu

Kwao Mama Chibalonza, mtu hazikwi kimya. Kabla jeneza halijatolewa nje, sharti mmoja wa nyumba ya marehemu asimame akieleze kifo: ugonjwa ulianzaje, nani aliuguza, mgonjwa alikula nini mara ya mwisho, alitamka neno gani kabla ya kunyamaza. Waombolezaji husikiliza maelezo hayo kwa makini kuliko wasikilizavyo mahubiri, kwa maana mahubiri ni ya watu wote, bali kifo ni cha mwenyewe. Asiye na wa kumweleza huhesabiwa kuwa amefukiwa tu, hata kama jeneza lake ni la mninga.

Jambo hilo ndilo lililomnyima raha mama huyu tangu alipohamia Sydney. Kufa hakukumtisha. Mtu aliyevuka misitu ya Kivu akiwa na mtoto mgongoni, kisha akazeekea kambini, amekwisha kuzoeana na kifo kama jirani mkorofi. Alichokiogopa ni kufa katika nyumba ile ya serikali kule Macquarie Fields, dirisha lake likitazama njia ya treni, kisha pasiwe na mtu wa kusimama. Mumewe alibaki katika makaburi ya kambi. Gloire, binti yake wa pekee, alikuwa ameolewa Perth, upande wa pili wa bara, na wajukuu walikisikia Kiswahili lakini walijibu kwa Kiingereza. Zilipita siku nzima pasipo mtu kulitamka jina lake. Wakati mwingine, akiosha sahani yake moja, alilitamka mwenyewe polepole, ili lisimpotee.

Sauti moja tu ilimjia kila asubuhi, nayo ni ya Papa Symphorien. Huyu alikuwa mwalimu mstaafu kutoka Walungu, akikaa peke yake Cabramatta katika chumba kilicho nyuma ya duka la vitambaa. Wazee hao wawili walikuwa wamepatana kwamba kila kunapokucha Symphorien atapiga simu, ili mmoja akifa mwenzake ajue siku hiyohiyo.

"Umeamka?" huuliza Symphorien.

"Nimeamka. Na wewe?"

"Mimi bado. Anayesema na wewe ni mzuka wangu, mwenyewe nimelala."

"Basi mwambie mwenyewe akanyoe ndevu."

Hucheka, wakakata simu. Hayo ndiyo yaliyokuwa mazungumzo yao, na siku ya Chibalonza ilisimama juu yake kama nyumba juu ya nguzo.

Symphorien alikuwa na jambo moja ambalo kila aliyemfahamu alilijua. Watoto wake wote waliuawa siku moja, wakati wa vita, naye tangu siku hiyo hakumwita mtu yeyote "mwanangu." Vijana aliwaita "bwana mdogo" na "bibi mdogo," hata wale waliomfulia nguo alipougua. Walipomlaumu kwa ukavu huo alijibu, "Jina hilo lina wenyewe, na wenyewe wamelala. Nikimpa mtu mwingine, wao nitawaita nani?"

Basi katika kanisa la Wakongomani, lililokutana katika ukumbi wa kukodi huko Bankstown, walitokea Bertrand na mkewe Clarisse. Walikuwa watu wa makamo, wazaliwa wa Bukavu, wasio na mtoto. Mume alifanya kazi ghalani. Mke alihudumia wazee katika makao yao. Jumapili moja walisimama mbele ya watu wote, wameshikana mikono, Bertrand akasema kwa unyenyekevu, "Sisi Mungu hakutupa watoto. Tumeona atupe wazazi. Kila mzee aliye peke yake hapa, huyo ni mzazi wetu." Watu wakapiga makofi. Kina mama wakafuta machozi. Upweke ni njaa, na mwenye njaa hapekui mkono unaomlisha.

Wakaanza na Mama Ketsia, mjane wa Bankstown, wakamtunza mpaka alipokufa, wakamzika kwa heshima. Kisha wakaenda kwa Symphorien. Kisha kila Jumamosi, baada ya adhuhuri, gari lao likawa linasimama pia mbele ya nyumba ya Chibalonza.

Ni lazima niseme jinsi walivyompata, kwa kuwa hakuwa mjinga. Watu wa Kivu wameishi miaka na miaka wakiihofu karuho, ile sumu inayopita katika pombe na chakula. Kwa hiyo kwao hakuna anayempa mwenziwe kinywaji kabla hajakionja mbele ya macho yake. Hapa Australia vijana wengi wameiacha desturi hiyo. Humpa mtu chupa wakageuka kutazama simu zao. Clarisse hakuiacha. Siku ya kwanza kabisa alimimina maziwa ya moto kutoka katika chupa ya chai, akapiga funda moja kwa sauti, kama binti aliyelelewa. Chibalonza aliposikia funda lile alitamani kulia. Ilikuwa kana kwamba mama yake ameingia chumbani.

Lakini Clarisse hakumkabidhi yeye kikombe. Alimpa Bertrand. Naye Bertrand alikifunika kwa kiganja chake kipana, akafumba macho, akaomba sala ndefu ya kumwombea mzee afya na amani. Kisha ndipo akampa, kwa mikono miwili.

Hapo moyo wa Chibalonza uliguna. Bibi yake aliyemlea alikuwa akisema kwamba kikombe kilichoonjwa hakipiti mkono wa tatu: aliyeonja ndiye anayekabidhi, na kikipita kwa mwingine, huonjwa upya. Aliijua sheria hiyo kama aijuavyo Baba Yetu. Lakini mkono ule wa tatu ulikuwa mkono wa sala. Nani atamwambia mtu anayeomba, ondoa mkono wako? Tena aliwaza: nikiwaaibisha, Jumamosi ijayo nitakaa na nani? Akanywa. Yalikuwa maziwa matamu, hayakuwa na kitu. Jumamosi nyingine akanywa tena, na guno la moyo likazoea, likanyamaza.

Symphorien ndiye aliyelifanyia mzaha. "Umemwona bwana mdogo anavyoomba?" alimwuliza katika simu. "Anakiatamia kikombe kama kuku. Iko siku kitaangua."

"Koma, Papa. Wanatupenda."

"Sikatai. Lakini kwa sala hizo maziwa yangu nayanywa baridi kila mara, na hata ndama huyapata ya moto."

Mwezi wa sita, mbele ya kanisa, Symphorien alitangaza kwamba watakaomzika ndio watakaorithi vitu vyake. Akapelekwa na Bertrand kwa wakili ili jambo liwe imara. Chibalonza akafanya vilevile. Alikuwa na kiwanja Bukavu, cha mumewe, na akiba ya kutosha kusimamisha nyumba juu yake. Aliona ni haki. Kwao, anayekuzika ndiye mwanao.

Asubuhi moja ya baridi ya mwezi wa saba simu haikulia. Alingoja mpaka uji wake ukaganda. Ilipolia hatimaye, sauti ilikuwa ya Clarisse, nayo ilikuwa ikilia.

Ukumbi wa Bankstown ulijaa. Wanawake walikaa chini juu ya mikeka, wanaume kwenye viti kando ya ukuta. Clarisse akasimama kukieleza kifo, kwa kuwa marehemu hakuwa na mwingine. Alieleza vizuri mno. Alisema jinsi moyo wa mzee ulivyochoka tangu Pasaka. Jinsi walivyomletea maziwa jioni ya mwisho, akayaonja yeye mwenyewe, mumewe akayaombea. Jinsi mzee alivyokunywa, akajinyoosha kitandani.

"Akatutazama," alisema Clarisse, na sauti yake ikakatika. "Akasema, 'Wanangu, sasa nimeshiba. Msinililie.' Akalala."

Ukumbi ukalipuka kwa kilio. Chibalonza peke yake hakulia.

Wanangu?

Symphorien hangelitamka neno hilo. Angeweza kuwaita wafu wake "wanangu," kama aliwaona wamekuja kumpokea. Lakini wafu hawaambiwi wasilie. Kisha likaja la pili, likamshuka mgongoni kama maji. Maneno hayo alikuwa amekwisha kuyasikia. Katika ukumbi uleule, siku ya Mama Ketsia, kinywa kilekile kilisema kwamba marehemu aliwatazama akanena, "Wanangu, sasa nimeshiba. Msinililie." Kila mtu hufa kwa neno lake, kama kila mtu alivyo na sura yake. Wawili hawawezi kuwa na neno moja, labda kama hawakusema wao.

Alirudi nyumbani kwa treni, akabadilisha treni kituo cha Glenfield, akakaa jikoni bila kuvua koti. Asubuhi iliyofuata, saa ileile ya Symphorien, simu ikalia. Alishtuka kwa furaha kabla akili haijamkumbusha.

"Umeamka, mama?" aliuliza Clarisse kwa upole.

"Nimeamka."

"Tutakuwa tunakupigia sisi sasa. Usiwe na hofu. Hutakuwa peke yako."

Jioni alimpigia Gloire, akamweleza kwa Kiswahili kirefu. Gloire akamjibu kwa Kiingereza, kama kawaida yake alipochoka, kwamba Bertrand humwandikia kila wiki kumpa habari zake. Kwamba watu wale ni baraka. Kwamba mama akae sana na watu kwa sababu kukaa peke yake kunamletea mawazo. "Neno moja tu, Mama?" alimalizia. "Kwa sababu ya neno moja unataka kuwavunjia watu jina?"

Kulikuwa pia na Apondi, nesi kijana wa Kikenya aliyekuja kila Jumanne kumpima presha. Huyo alimwona amepungua.

"Mama, presha yako leo imepanda ngazi na haitaki kushuka. Nani amekuudhi?"

"Hakuna aliyeniudhi, binti yangu. Nimefiwa."

"Pole sana." Apondi akafunga mfuko wa vifaa, akasita mlangoni. "Namba yangu iko hapo kwa friji. Si ya ofisi, ni yangu mwenyewe. Usinionee haya."

Chibalonza hakuitumia. Hapa ndipo penye aibu, nami sitaificha. Kwa muda wa majuma kadhaa aliendelea kuwapokea watu wale. Alipokea maziwa, akasema, "Nitakunywa baadaye, tumbo linanisumbua," akayamwaga walipoondoka. Kisha akawangojea Jumamosi nyingine kama msichana anayengoja barua. Mashaka yake yalisema, wafukuze. Upweke wake ukajibu, ukiwafukuza hawa, nani atalitaja jina lako? Hoja zote mbili zilikuwa za kweli, na ya pili ilikuwa na sauti kubwa zaidi.

Mwezi wa tisa, baridi ilipoanza kupunguza ukali wake na miti ya barabarani kuchipua, wakaja tena. Bertrand alivaa suti. Clarisse alileta mandazi. Jirani Msamoa alikuwa nje akikata majani kwa mashine, na Chibalonza, bila kujua vema kwa nini, aliuacha mlango wazi.

"Mama, leo hakuna habari za tumbo," alisema Clarisse akicheka. "Nimekuchemshia maziwa na tangawizi. Yanatuliza. Leo tunakunywesha kama mtoto."

"Mimi mtoto mwenye mvi?"

"Watoto wenye mvi ndio wakaidi!"

Wakacheka wote watatu. Alimimina, akapiga funda, akampa mumewe. Bertrand akakifunika kikombe, akafumba macho, akaanza. Aliomba kwa muda mrefu kuliko siku zote. Aliwataja Ibrahimu na Sara, alimtaja mjane wa Sarepta aliyemlisha nabii. Chibalonza hakufumba macho. Aliutazama mkono ule, akaona tu kwamba ni mkono wa mtu, wenye vinyweleo na pete, uliolala juu ya kitu atakachokunywa yeye.

"Amina," alisema Bertrand, akampa kwa mikono miwili.

Akakipokea kwa mikono miwili. Kilikuwa na joto la kupendeza. Akawaza, nami naeleza alivyowaza: nikinywa, yamekwisha. Ukumbi utajaa. Wanawake watakaa juu ya mikeka, Clarisse atasimama, atakieleza kifo changu vizuri kuliko ambavyo Gloire angeweza. Hakuna atakayesema Chibalonza alikufa kama asiye na watu. Alikisogeza kikombe mpaka mvuke ukamgusa midomo.

Kisha akasikia maneno yatakayosemwa. Wanangu, sasa nimeshiba.

Naye hakuwa ameshiba. Alikuwa na njaa tangu siku alipotua katika nchi hii. Wangemzika na neno la mtu mwingine kinywani, neno ambalo hata huyo mwingine hakulisema. Akakishusha kikombe.

"Clarisse. Onja tena."

Clarisse alitabasamu. "Mama! Si nimeonja mbele yako?"

"Ulionja kwanza. Kimepita mkono wa tatu. Kwetu huonjwa upya. Mama yako hakukufundisha?"

"Mambo ya zamani hayo, mama."

"Hata kuonja ni mambo ya zamani, na umeyashika vema. Yashike yote."

Bertrand aliingilia kwa sauti ya ibada. "Mama, sala si mkono wa tatu. Sala ni mkono wa Mungu."

"Vizuri sana. Basi Clarisse asiogope."

Akakinyoosha kikombe. Clarisse akakipokea, kwa kuwa mkono hujifunza kupokea cha mzee kabla akili haijaamua. Mashine ya majani ilinguruma nje. Clarisse alimtazama mumewe kwa macho ya mtu anayeomba msaada, akingojea aseme neno lolote, acheke, aangushe kiti, atazame saa.

Bertrand alimtazama, akautazama mlango uliokuwa wazi. Kisha akasema polepole, "Onja, Clarisse."

Uso wa mwanamke yule ulibadilika kama wa mtu aliyeona chini ya kisima.

"Mimi?" alinong'ona.

"Mama amekuomba. Mheshimu mama. Funda moja tu."

"Onja wewe. Wewe ndiye uliyeomba."

"Wewe ndiye mwonjaji."

"Nimesema onja wewe, Bertrand!"

Wakabaki hivyo, mke na mume, wakikaribishana kikombe kwa adabu, na wala hakuna aliyekikubali. Chibalonza alikaa akiwatazama. Hakuhitaji tena ushahidi wa neno lolote.

Bertrand alinyakua kikombe, akitaka kwenda kukimwaga kwenye sinki. Clarisse hakukiachia upesi, na maziwa yakamwagika mapajani mwa mzee, juu ya kitenge chake. Bertrand akainama na kitambaa cha meza, akiomba radhi haraka haraka.

"Usiniguse," alisema Chibalonza kwa sauti ambayo hakuitumia tangu kambini. "Nguo yangu naifua mwenyewe."

Mashine ya nje ikanyamaza. Jirani alichungulia mlangoni, akauliza kwa Kiingereza kama mambo ni salama. Clarisse alikuwa amekwisha kutoka, akitembea kwa miguu kuelekea kituo cha treni, hakuligusa gari. Bertrand akamfuata akiliita jina lake. Mandazi yakabaki mezani.

Mzee alivua kitenge kile, akakifunga katika mfuko wa nailoni, akaenda kwenye friji akasoma namba ya Apondi tarakimu moja moja. Nesi alifika kabla ya magharibi. Alisikiliza mpaka mwisho, hakumwambia kwamba upweke unamletea mawazo. Ni yeye aliyempeleka polisi na kumfasiria.

Kitenge kilipopimwa kilisema kilichosema: maziwa yale yalikuwa na sumu. Lakini aliyesema zaidi ni Clarisse, aliyekutwa ameketi kwenye kituo cha Macquarie Fields, treni zikimpita. Alieleza yote pasipo kubembelezwa: ya Ketsia, ya Symphorien, na ya mzee mwingine wa kule Campbelltown ambaye watu walidhani amekufa kwa uzee. Dawa aliitoa yeye kazini, mkono ulikuwa wa mumewe. Walipomwuliza kwa nini anasema, alijibu kwamba mume ambaye angemnywesha yeye hana haki ya kufichiwa. Kwa waliokufa hakutoa sababu. Na huyo ndiye binadamu: huuona uovu siku unapomgeukia mwenyewe.

Ukumbi wa Bankstown ulifunguliwa tena mwezi wa kumi. Wazee wa kanisa waliamua kwamba kifo cha Symphorien kilielezwa kwa uongo, na kwa hiyo hakijaelezwa. Chibalonza alisimama. Hakuwa na ufasaha wa Clarisse. Alisema marehemu hakufa kwa moyo, aliuawa kwa maziwa na watu aliowakaribisha. Alisema neno lake la mwisho halijulikani, na lisibuniwe na mtu. "Ninalolijua mimi ni la asubuhi ya mwisho aliyonipigia simu," alisema. "Aliniuliza kama nimeamka. Nikamwambia nimeamka. Akasema yeye bado." Watu hawakupiga kelele. Walilia kwa sauti ya chini, kila mmoja kwake.

Baada ya hapo walimkumbatia, wakamwahidi kumtembelea. Wengine walikuja mara moja. Kazi za ghalani zina zamu, na barabara ni ndefu. Gloire alikuja kutoka Perth, akalia, akaomba msamaha, akakaa juma moja, akarudi kwa watoto wake. Apondi aliendelea kuja Jumanne.

Jumamosi baada ya adhuhuri Chibalonza alichemsha maziwa. Alimimina katika kikombe, akaketi, akakitazama kiti kilichokuwa mbele yake. Treni ikapita. Akapiga funda moja kwa sauti, kama alivyofundishwa. Kisha, kwa kuwa hapakuwa na wa kumkabidhi, akayanywa mwenyewe mpaka mwisho, na yalikuwa bado ya moto.